Unene wa Wino

Amri ilikuwa na kurasa tatu na mhuri.
Mdaiwa aondoe ua wake kwenye ardhi ya mdai,
siku ishirini na nane.
Zikapita. Ndipo nikatumwa mimi
kutoka Boston, hii ya Lincolnshire, si ile ya ng'ambo,
na fundi mmoja, nyundo, sururu na koleo.

Kijiji ni bapa kama sinia.
Nchi ya huku imenyang'anywa maji;
mababu waliikausha kwa mifereji,
na bado husema: mchimba mfereji
hutupia udongo upande wake.

Bi Maureen Sneath, mdai, alinipokea na chai
nisiyoruhusiwa kuinywa.
"Ni pale," akasema.
Bwana Desmond Grummitt, mdaiwa, akatoka na viatu vya mpira,
bila salamu.
"Ni pale," naye akasema.
Pale mbili, na kati yake hatua moja na nusu ya nyasi,
mwaridi mmoja, na paka aliyelala
usingizi wa asiye na wakili.

Nikatandaza ramani juu ya boneti.
Mstari mwekundu, kalamu ya karani.
Milimita moja ya karatasi
ni mita moja na robo ya udongo.
Nikaupima wino wenyewe, unene wake tu:
ulitosha kumeza ua, mwaridi, paka
na mguu wangu wa kushoto.
Jaji hakukosea. Aliandika "mpaka"
kama mtu aandikavyo "mbingu".

Hati ya mwaka thelathini na moja ilisema:
*kuanzia kwenye mtufaha hadi kigingi cha chuma.*
Mtufaha ulianguka kwa dhoruba, alisema Bi Sneath.
Haukuwahi kuwapo, alisema Grummitt.
Basi kigingi.
Vytenis, fundi wangu, Mlithuania asiyependa maneno,
akafyeka majani yawashayo, akachimba.
Goti likazama, kisha paja.
Chuma kikalia *ting*.

Wote wawili wakainama.
Mara ya kwanza, nadhani, kwa miaka sita
vichwa vyao vilikaribiana hivyo.
Bomba. Limeliwa na kutu, na ndoano juu yake.
Bi Sneath akajifuta mikono ambayo haikuwa na tope.
"Nguzo ya kamba ya nguo," akasema. "Ya Pauline.
Tulikuwa tunaanika pamoja, Jumatatu."
Grummitt alilitazama bomba la marehemu mkewe
muda mrefu kuliko nilivyoweza kuvumilia.
"Ndiyo," akasema.
Kisha: "Lakini si mpaka."

Mimi si mpimaji. Si hakimu.
Mamlaka yangu ni kung'oa,
na cha kung'olewa sharti kijulikane kimesimama kwa nani.
Kwa lugha ya mama yangu *ua* ni wigo,
*ua* ni hili waridi,
na *ua* ni amri nyingine kabisa,
ambayo namshukuru Mungu haikuwamo
katika zile kurasa tatu,
ingawa siku hiyo nilihisi
watu wamewahi kuisoma humo.

Fomu ina kisanduku kidogo cha sababu.
Nikaandika: *Haijatekelezwa. Mpaka haujulikani
kwenye ardhi. Aletwe mpimaji, apige vigingi
mbele ya wote wawili, ndipo nirudi.*
Nilitaka kuongeza habari za Jumatatu.
Kisanduku kilikuwa kimejaa.

"Mpaka lini?" akauliza Bi Sneath.
Kwa Kiingereza, bila shaka, ambako maneno hayo
hayana utani wowote.

Vytenis alikuwa amesimama na koleo.
"Nifukie?"
Hakuna aliyejibu.
Ndipo nikaona alivyochimba:
udongo nusu huku, nusu kule,
kwa kutojua desturi tu,
na paka ameshahamia juu ya lundo moja,
sikuangalia la nani.